Kitalu cha Kipupwe

Machimboni, nje ya Nyarugusu, Geita
9 Juni 2024

Dada Paskalia,

Shikamoo. Ni mdogo wako Eliya. Leo ni Jumapili, injini ya karasha imezimwa, na masikio yangu yamepata likizo. Najua masikio si jambo la kutania mbele yako, lakini wewe mwenyewe ulisema kwamba tangu yako yazibe umepumzika kuwasikia wakwe. Ndiyo maana naandika kwa kalamu. Nikipiga simu husikii, na ujumbe nikiutuma kwenye simu ya shemeji unasomwa na ukoo mzima kabla haujakufikia. Barua hii anaibeba Kamili, yule kondakta wa basi la Shinyanga. Ataiacha dukani hapo Samuye, barabarani.

Goodness anaendeleaje na shule? Mguu wa mzee Mabula, baba mkwe wako, umepona? Michembe ya viazi uliyonitumia ilifika salama. Cornel, mwenzangu wa Ushirombo ninayelala naye chumba kimoja, alianza kuitafuna kavu kama biskuti. Nilipomwonyesha inavyochemshwa na karanga, akauliza kama nina dada mwingine ambaye hajaolewa.

Mimi naumwa uchovu tu. Huu ni mwaka wa nne nalisha mawe kwenye karasha. Jiwe likitoka chini nalipasua kwa nyundo, naliingiza mdomoni mwa mashine, mashine inalisaga, na vumbi linarudi kwangu. Jioni nikitema mate yana rangi ya saruji. Niliishia darasa la sita, kwa hiyo siwezi kukueleza kifua kinafanya nini ndani, ila nakisikia.

Sasa neno lenyewe. Nasibu, mwenye duara letu, yaani lile shimo tunalotolea mawe, anataka niache karasha nishuke chini kuchimba. Anasema mkono wangu wa nyundo unapotea bure huku juu. Anataka jibu mwisho wa Julai, maji ya chini yakishapungua. Najua nilikuahidi nini. Lakini nina miaka thelathini na mitatu, sina shamba, sina mke, na huku juu naisha vilevile. Kama huko nyumbani lipo jambo la mtu kufanya, la kweli, si la kunifariji, niambie. Lisipokuwepo, nitashuka.

Mdogo wako,
Eliya


Samuye
22 Juni 2024

Eliya,

Marahaba, mdogo wangu. Barua yako mwenye duka aliiweka chini ya mizani, akaisahau mpaka nilipokwenda kununua chumvi. Usinihesabie mimi ucheleweshaji.

Hapa hatujambo. Goodness amekuwa wa nne darasani, na anadai wa kwanza mpaka wa tatu waliangaliziana. Mzee Mabula anatembea tena, jioni anasimama mlangoni mwa zizi kuhakikisha hakuna ng'ombe aliyebaki. Cornel mwambie dada mwingine hakuna, ila nina jirani yangu Klara. Ameshazika waume wawili. Kama ana moyo, aje.

Ukurasa wa pili wa barua yako ulilowa maji. Sijui mvua ya wapi hiyo, mwezi wa sita. Nimesoma mpaka unapotema mate ya saruji, kisha nikaona mstari wa mwisho mwisho, unauliza kama nyumbani kuna jambo la kufanya. Lipo.

Unalikumbuka lambo lililo chini ya ngitili, yale malisho yanayotengwa kwa ajili ya kiangazi. Siku hizi pembeni yake kuna bustani kama ishirini. Anayepandikiza hoho mwanzo wa Septemba anaanza kuchuma Novemba, kabla lambo halijafurika likafunika kila kitu. Shida ni miche. Hakuna anayeweza kuiotesha hapa wakati wa kipupwe. Kila mwaka inaletwa kutoka Mwanza kwenye matenga, inafika imelala kama wagonjwa, nusu inakufa siku ya kwanza. Mimi nimeamua kuiotesha hapa hapa nyumbani, na watu wa lambo wanalijua hilo. Wananisubiri, wengine kwa kunicheka.

Nisikufiche. Awamu ya kwanza imeshindwa. Nilitengeneza kitalu nyuma ya jiko, nikasia, nikamwagilia kila jioni, nikangoja. Kimya. Nikachokonoa kwa njiti. Mbegu nyingine zilikuwa kama nilivyoziweka, nyingine zimekuwa uji. Nikawaza ni mbegu mbovu. Asubuhi iliyofuata nikaweka kiganja juu ya kitalu, Eliya, udongo ulikuwa baridi kama tumbo la chura. Mchana huku tunatoka jasho, ndiyo maana nilidanganyika. Lakini mbegu haikai hewani.

Nikaona makosa yangu yote kwa mara moja. Nyuma ya jiko ukuta unaleta kivuli mpaka saa nne. Udongo wa pale ni ibambasi, ule mgumu unaoshika maji kama bakuli. Na mimi nikazidi kuumwagia maji ya lambo jioni, ukalala umelowa usiku kucha. Hata mtu angeoza.

Nimehamia mbele ya nyumba, jua linapofika mapema. Nimeinua tuta mpaka magotini, na nabeba luseni kutoka mtoni, ule udongo wa mchanga, maana huo ukipata jua unapata joto upesi. Kitalu hiki kikiota ni kazi ya watu wawili, msimu hadi msimu, na mimi sina mikono minne. Hilo ndilo jambo lililopo. Si la kukufariji.

Dada yako,
Paskalia


Machimboni
30 Juni 2024

Dada,

Shikamoo. Wabeja kwa barua. Mpongeze Goodness, na hao watatu Mungu anawaona. Cornel amesoma habari za Klara, akasema atafikiri akiwa mbali.

Barua yako niliwasomea wenzangu wakati wa chakula. Usikasirike, hapa hatuna redio nzuri. Walicheka sana, dada kuuguza udongo. Mchimbaji mmoja akasema, "Mwambie alete mbegu zake duarani." Tukazidi kucheka. Kisha nikawaza, si uongo. Asubuhi wachimbaji wa usiku wakitoka chini wako kifua wazi, jasho linawatiririka, na sisi tunaowangoja juu tumevaa makoti na meno yanagongana. Chini ardhi ina joto lake, kipupwe hakifiki. Huku juu ndiko inakokopa jua asubuhi na kulirudisha usiku. Wewe uko kwenye ngozi ya ardhi tu, na unataka ngozi hiyo ibaki na joto. Si kazi ndogo. Mimi nisingeliwaza hilo kwa kiganja kimoja asubuhi moja. Ningelaumu mbegu na kumlaumu aliyeniuzia.

Lakini mbona unahangaika na jua peke yake, na zizi la mzee Mabula liko hapo? Samadi mbichi ikirundikwa inachemka yenyewe. Ukiitandika chini na udongo juu, tuta litakuwa na jiko lake.

Nimempa Kamili kipande cha turubai jeusi. Funika nacho tuta mchana mpaka zitakapochomoza, cheusi kinanyonya jua. Ni kipya. Sikukata lile tunalotandika kwenye mabwawa ya kuoshea mchanga, maana lile lina dawa ambayo hata mbwa hanywi maji karibu nayo.

Umesema ukurasa wa pili ulilowa. Sawa. Naurudia kwa ufupi. Nasibu anataka jibu mwisho wa Julai.

Eliya


Samuye
14 Julai 2024

Eliya,

Marahaba. Turubai limefika. Kamili aliniambia kwa mikono kwamba umekonda. Nikamwuliza kiasi gani, akanionyesha mpini wa jembe. Kula.

Umeishi mbali mpaka umesahau desturi. Kwa wakwe zangu mke wa mtoto hakanyagi zizini kwa baba mkwe, wala hamwombi kitu uso kwa uso. Ningemtuma Goodness, lakini yeye angesema "mama anataka kuupikia udongo", na mzee angeniitia kikao. Kwa hiyo nikatafuta kitu kingine kinachochemka.

Nikamkumbuka Klara. Yeye anapika pombe ya mtama, na machicha anayamwaga nyuma ya nyumba. Hata siku ya pili ukipita yanatoa mvuke. Nikabeba ndoo baada ya ndoo, nikatandika chini ya tuta, nikashindilia, nikaweka luseni juu, nikasia nusu ya mbegu zilizobaki. Jioni nikaweka mkono. Joto! Nilicheka peke yangu kama mwehu.

Siku ya pili kuku wakagundua. Wakafukua pembeni wakala mpaka wakashindwa kupanda kwenye tundu lao. Siku ya tatu, baada ya ibada, akaja Sesilia, kiongozi wa akina mama kanisani kwetu. Unajua kwetu pombe haiingii hata kwenye mfano. Sesilia anajua sisikii, kwa hiyo akizungumza nami anapiga kelele, na kijiji kizima kinasikia kwa niaba yangu. Mimi nasoma midomo, hapo hakuhitaji hata kupiga kelele.

"Mama Goodness, umeanza kupika?"

"Napika udongo."

"Udongo unanuka pombe?"

"Ni machicha, mama. Ya Klara."

"Kwa hiyo mmeungana na Klara!"

Nyuma yake jogoo wangu alikuwa anatembea upandeupande. Akajigonga kwenye mtungi, akakaa chini. Sesilia akageuka, akamtazama kwa muda mrefu.

"Na huyu?"

"Huyo hajabatizwa," nikamwambia.

Aliuma mdomo asicheke, mimi nikaona. Lakini aliondoka bila kuaga, na Jumapili hii nimekaa benchi la nyuma. Hayo ningeyavumilia. Lililoniumiza ni kwamba nilipochokonoa, mbegu zote zilikuwa zimeiva. Nasema zimeiva kama kunde za kuchemsha. Kwanza niliziua kwa baridi, sasa nimeziua kwa moto.

Basi sikiliza yaliyofuata. Jana asubuhi nimetoka nje, nikakuta rundo la samadi mbichi nje ya zizi, kwenye njia ninayopita kwenda kuchota maji. Si pembeni, katikati ya njia, nilitakiwa kuliruka. Mzee Mabula alikuwa amesimama mbali ananipa mgongo, anaongea na ng'ombe. Hajawahi kuweka samadi pale tangu niolewe. Nikachukua karai.

Safari hii sikukimbilia kusia. Nimetandika samadi na majani makavu, nimeinyunyizia maji, nimekanyaga, nimeweka luseni juu. Halafu nimekaa. Najua sasa kwamba ina siku za hasira kwanza. Kila asubuhi nitazamisha kiwiko, kama unavyopima maji ya kumwogeshea mtoto mchanga. Kiganja changu ni cha jembe, hakijui tena moto wala baridi. Kiwiko hakidanganyi. Kiwiko kikiridhika, nitasia. Mbegu zilizobaki zinajaa kifuniko cha soda. Zikifa hizi, mwaka huu hakuna kitalu.

Paskalia


Machimboni
19 Julai 2024

Dada yangu,

Shikamoo. Nimecheka habari za jogoo mpaka nimekohoa, nimekohoa mpaka Cornel akaniletea maji. Mpe pole Sesilia kwa kujizuia.

Sehemu ya kiwiko niliwasomea wenzangu. Mmoja, baba wa watoto watano, akazamisha kiwiko chake kwenye ndoo ya maji ya kunawa, akakaa nacho pale. Akasema, "Mke wangu hufanya hivyo. Nilidhani ni madoido."

Nataka nikuambie jambo, na kwa kuwa ni barua huwezi kunikatiza. Sisi huku tunajiita wanaume wa kazi. Mtu akikosa dhahabu hapa, anafanya nini? Anachimba zaidi, palepale, kwa hasira zaidi. Ukikosa wewe, unapiga magoti unauliza mbegu ilikosa nini. Umekosa mara mbili, mara zote mbili umeinuka na akili ambayo hukuwa nayo. Mimi katika miaka minne hapa sijaona mtu wa namna hiyo. Nilikuwa naye nyumbani na sikumwona.

Sasa mchango wangu, mpasua mawe. Kaa ukijua kwamba samadi itatoa joto, lakini usiku wa kipupwe utalinyang'anya. Jioni karasha likizimwa sisi hukaa juu ya mawe makubwa yaliyoshinda juani. Jua limezama, hewa ina baridi, na mawe bado yanatupasha makalio mpaka tunakwenda kulala. Chukua mawe meusi, makubwa kama kichwa cha mbuzi, yapange kuzunguka tuta. Mchana yashinde wazi juani. Jioni funika tuta na mawe yote pamoja, kwa gunia na nyasi. Asubuhi jua likitoka funua. Na maji usimwagie ya lambo moja kwa moja. Yaweke juani kwenye ndoo kwanza, umwagilie saa nne, si jioni.

Habari nyingine si nzuri. Nasibu amepata watu kutoka Kahama wanaotaka nafasi. Amesema hangoji tena mwisho wa mwezi, anataka nishuke au nikatae Jumamosi ya tarehe 27. Karasha nalo amempa mtu mwingine kuanzia siku hiyo, kwa hiyo kwangu ni chini au barabarani. Nikija nyumbani bila kazi nitakuwa mdomo mwingine kwenye sufuria yako. Nikipata habari kwamba zimeota, nitakuwa mikono. Nakuomba, dada. Kiote kisiote, uniletee neno kabla ya Jumamosi hiyo.

Eliya


Samuye
24 Julai 2024

Mdogo wangu Eliya,

Marahaba. Goodness ana mafua. Wengine wazima.

Nilisia kiwiko kiliporidhika. Barua yako ilifika jana, na jana hiyohiyo nimepanga mawe kama ulivyosema, Goodness akinisaidia kuyaviringisha. Leo asubuhi nilipofunua gunia yalikuwa bado na uvuguvugu, na udongo haukuwa na ule ubaridi wa chura hata kidogo. Umenipa kitu ambacho hapa hakuna aliyekijua, na nimemwambia Klara na wote wanaopita kwamba ni akili ya mdogo wangu.

Lakini hazijaota. Nimetazama asubuhi, nimetazama adhuhuri, nimelala kifudifudi nikatazama kwa usawa wa udongo kama wanavyofanya watoto. Hakuna ufa hata mmoja. Ungetaka nikuandikie kwamba zimeota. Nilifikiri kufanya hivyo. Kamili anaondoka kesho alfajiri, uongo ungekufikia kabla ya Jumamosi.

Sitaandika uongo. Nitaandika la ule ukurasa uliolowa. Haukulowa. Niliusoma dukani nimesimama, nikausoma tena njiani. Nimekuwa nikikuandikia habari za udongo kwa sababu neno lenyewe lilikuwa linanishinda kuandika. Denis. Kaka yetu alishuka akiwa na umri kama wako, akasema ni msimu mmoja. Udongo uliomfunika ulikuwa na joto, Eliya, wewe mwenyewe umesema chini kuna joto. Tangu nisome hilo sijalala vizuri.

Kwa hiyo usingoje hoho. Nilikosea kukufanya ungoje hoho. Kitalu kisipoota, njoo. Njoo uwe mdomo. Mdomo nitaulisha. Usishuke.

Paskalia


Nyarugusu
1 Agosti 2024

Dada,

Shikamoo. Mafua ya Goodness yameisha? Mwambie nimemwekea jiwe moja lenye mng'ao, si dhahabu, asije akalitangaza.

Barua yako ya tarehe 24 imenifikia Jumanne, tarehe 30. Basi la Kamili liliharibika gia Kahama, akakaa hapo akingoja kifaa, na wewe ukiwa mfukoni mwake. Kwa hiyo Jumamosi ilifika sijui lolote. Ngoja nikuambie ilivyokwenda, na uendelee kusoma, usiruke mistari.

Asubuhi nilikwenda mdomoni mwa duara. Walikuwa wameshaweka kamba, na kofia wamenipa. Joto linapanda kutoka chini, unalisikia usoni kama mtu anapumua. Wachimbaji wanalipenda, wanasema ni la mama. Mimi nilisimama pale nikawaza wewe umekaa mwezi mzima unatafuta joto kama hilo ili kitu kitoke juu, na mimi nalifuata chini lilipo.

Nasibu akasema, "Ingia, bwana. Watu wa Kahama wanangoja."

Nikasema, "Siingii."

"Unaogopa?"

"Naogopa."

Hakutegemea jibu hilo. Hapa hatulisemi. Akauliza, "Sasa utakwenda kufanya nini?"

"Dada yangu ana kitalu cha hoho."

"Kimeota?"

"Sijui."

Walicheka, dada. Walicheka mpaka wengine wakashika magoti. Kuacha duara kwa ajili ya hoho ambazo mtu hajui kama zimeota! Nikavua kofia, nikampa aliyekuwa nyuma yangu. Cornel peke yake hakucheka. Alinisindikiza mpaka chumbani, akakaa kwenye ndoo, akasema, "Kama hazijaota?" Nikamwambia, dada atauliza zilikosa nini, na safari hii tutakuwa wawili wa kuuliza. Niliposema hivyo ndipo nikajua kwamba sikuwa nangoja mbegu. Mbegu ni mbegu, zinaweza kugoma. Niliyekuwa namtegemea ni wewe.

Basi, barua yako niliisoma nikiwa nimeshakataa. Umeliandika jina la kaka, na mimi naliandika: Denis. Tangu tumzike sikuwahi kuliweka kwenye karatasi. Nitakuja tulitamke kwa sauti, wewe usome midomo.

Nabaki hapa mpaka Jumamosi ya tarehe 10, kuna saruji ya kubeba kwenye nyumba moja inayojengwa. Halafu napanda basi. Usiuze mbuzi, usichinje kuku, hasa yule mlevi.

Mdogo wako,
Eliya


Samuye
4 Agosti 2024

Eliya,

Marahaba. Goodness mzima.

Zimeota. Zilianza siku tatu baada ya mawe. Kwanza niliona udongo umeinuka kidogo kama kope, kesho yake zikatoka, shingo zimejikunja kama watu wanaopita mlango mfupi. Leo zimesimama na majani mawili mawili. Si zote, lakini kifuniko cha soda kina mbegu nyingi kuliko unavyodhani.

Sesilia amekuja, akainama, akanusa, akanusa tena. Akaniuliza mawe yanafanya kazi gani. Nimemweleza, na ameagiza miche arobaini kwa ajili ya bustani ya kanisa. Watu wa lambo wanapita kila siku, hakuna anayecheka. Mzee Mabula amemtuma Goodness aniulize, kwa adabu, kama samadi ilitosha. Nimemjibu kwa Goodness huyohuyo kwamba ilitosha na ilikuwa njema. Leo asubuhi njiani nimekuta rundo lingine.

Nimesoma habari za mdomo wa duara mara nyingi kuliko nilivyosoma zaburi yoyote. Siandiki zaidi juu ya hilo, karatasi imekwisha, na shemeji yako anataka kalamu.

Sikuiti kupumzika, ujue. Miche inataka kupunguzwa, matuta mengine matatu yanangoja kuinuliwa, na maji yanachotwa lambo asubuhi yaje yashinde juani. Ndoo ya pili nimeshaiazima kwa Klara.

Dada yako,
Paskalia